Salamu za Mwaka Kogwa: Moto wa Makunduchi

Assalaamu alaykum ndugu, jamaa na marafiki mlioko Makunduchi, mjini, Pemba, bara na ng'ambo. Mwaka umeingia, Mwaka Kogwa wetu, sikukuu ya mwaka mpya wa zamani wa Waswahili. Nawatakia nyote afya njema, mvua za wakati wake, bahari yenye riziki, na wagonjwa wetu wapoe.

Kusi inavuma, asubuhi baridi ya kipupwe inatufanya tujitande kanga mbili, na uwanjani Kae Kuu, hapa Makunduchi, watu wamejaa. Wengi huja kuwatazama vijana wa kusini na wa kaskazini wakichapana kwa migomba, huku akina mama wakipita na nyimbo zao, wengine za kusifu, wengine za vijembe. Nayapenda yote hayo. Lakini mwaka huu nimetaka kusema juu ya moto. Naona watu wanainua simu, wanaupiga picha, wanageuka kwenda zao hata kabla jivu halijapoa, na naumia, maana moto ule ndio Mwaka wenyewe.

Moto huo ni wa kuchoma kibanda, na kibanda chenyewe hakina makuu: fito, makuti makavu, mlango wa kuinama. Mapigano yakishatulia, mzee aliyekabidhiwa kazi hiyo huingia, na kibanda hutiwa moto naye yumo ndani. Makuti ya Julai hayana subira. Kwanza moshi mzito, mweupe, unapenya juu ya paa. Halafu yanaanza kualika, na mwali unapanda mara moja. Hapo uwanja wote hunyamaza. Kisha mzee huchomoka upande wa pili, mzima, na vifijo vinavyofuata husikika mbali. Wazee wetu wanasema maana yake ni hii: nyumba ikiungua katika mwaka unaoingia, aliyemo atoke salama. Baada ya hapo macho yote huenda kwenye moshi, kwani unakoelekea ndiko bahati ya mwaka inakosomwa. Kwa msimu huu wa kusi aghalabu hulalia kaskazini, lakini sijamwona mzee akiacha kuutazama kwa sababu hiyo.

Zamani moto wa Mwaka haukuishia uwanjani. Askofu Edward Steere, aliyefika Unguja mwaka 1864, aliandika kwamba siku hii watu walikoga baharini usiku au alfajiri, wakapika nafaka za kila namna pamoja, na mioto yote ikazimwa, kisha ukawashwa mwingine kwa kupekecha vijiti viwili. Aliandika pia kwamba ugomvi wa siku nyingi ulikuwa ukipiganwa siku hiyo ukaisha.

Hebu lifikirieni jambo hilo. Mafiga baridi katika kila nyumba, ya mwenye mashamba na ya asiye na kitu. Hakuna kiberiti wala gesi. Mwenye mkono mzuri wa kupekecha anaweza kupata cheche mapema. Aliyeshindwa atafanya nini, kama si kuchukua kifuu akaenda kwa jirani kuomba kaa? Na utaombaje moto kwa mtu uliyemnunia mwaka mzima? Mimi naamini hapo ndipo ilipokuwa nguvu ya moto huu. Uliwalazimisha watu kubishana hodi. Leo kila mmoja ana jiko lake na mtungi wake, tunaweza kuishi ukuta kwa ukuta tusisemeshane mpaka mmoja wetu azikwe. Hilo linanitisha kuliko moshi wowote.

Wapo wanaouona moto huu kwa jicho la shaka, wakisema ni mabaki ya wanaoabudu moto. Nawaheshimu, na najua wanasema kwa kuihofia dini. Ni kweli Nairuzi, yaani sikukuu hii ya mwaka mpya, asili yake ni kwa Waajemi, na kwao mpaka leo watu huruka mioto usiku wa kuamkia Jumatano ya mwisho kabla ya mwaka wao wa mwezi Machi. Lakini waliotuletea hesabu hii ya mwaka walikuja huku wakajenga misikiti. Nendeni hapo jirani Kizimkazi Dimbani mkasome ukutani: mwaka 500 Hijria, yaani 1107 Miladia. Tuliolelewa na mila hii hatujausujudia moto. Dua tunamwomba Mwenyezi Mungu peke yake.

Hesabu yenyewe nayo ina kazi. Mwaka wa Kiislamu hurudi nyuma kama siku 11 kila mara, kwa hiyo mkulima hawezi kuufuata kwa kupanda. Ndiyo maana wazee walihesabu kutoka Siku ya Mwaka, miongo kwa miongo, kila mwongo siku 10, wakajua lini wachome shamba, lini wapande, lini pepo zinageuka. Ukikutana na mzee wa Pemba au wa Kusini anayeijua bado hesabu hiyo, kaa naye. Andika. Usimwachie mwingine.

Basi, ndugu zangu, mlioko karibu njooni. Kwetu nyumba isiyopata mgeni siku hizi za Mwaka haijisikii vizuri, na sisi tumeshapika: wali wa nazi, samaki, na maharage ya kutosha kijiji. Msije mkamaliza ngoma mkakimbilia daladala na njaa. Bisheni hodi mlango wowote. Mlioko mbali, pigeni simu nyumbani, mzee wa huku anafurahi kusikia sauti tu.

Na wewe ambaye tangu ile shughuli ya arusi hatujaamkiana, najua salamu hizi zitakufikia kwa mkono wa mtu. Sahani yako ipo. Ukichelewa kuja, nitakuja mimi.

Mwaka mwema kwenu nyote.