Barua ya wazi kwa Gavana wa Lamu: vitabu vya Riyadha

Mheshimiwa Gavana, assalam alaykum.

Mimi ni mtoto wa mtaa wa Langoni hapa Lamu, msikiti na chuo cha Riyadha nimeanza kuingia kabla hata sijaenda skuli, kwa hivyo nikirefusha nisamehe.

Kila mfungo sita, mwezi aliozaliwa Mtume, viongozi mnakuja Maulidi na tunafurahi kuwaona, wageni wanatoka Ngazija, Unguja, Tanga, gesti zinajaa, punda na majahazi yanashindana. Wiki ikiisha kila mtu kwao. Lakini Riyadha haikujengwa kwa ajili ya wiki moja. Habib Saleh aliyeianzisha alikuja hapa kijana kutoka Ngazija, sharifu wa ukoo wa Jamalilleil, angeweza kukaa na wakubwa wa mtaa wa Mkomani akaheshimiwa, yeye akaenda kupiga kibanda pembeni ya mji na wale ambao darasani hawakuwa na nafasi, watumwa, watoto wao, maskini, wageni, akawasomesha Qur'ani na fiqhi na nahau, na mgonjwa akija anamtibu kwa dawa za miti. Akatia tari kwenye maulidi, kuna waliokasirika sana, na leo hiyo hiyo ndiyo Maulidi ya Lamu. Jina lenyewe la Riyadha limetoka Seiyun, Hadhramaut kule Yemen, kwenye msikiti wa mwanachuoni Habib Ali al-Habshi. Kwangu mimi hicho ndicho chuo kikuu chetu, zaidi ya miaka 100 sasa, na waliosoma pale wamefungua madrasa pwani nzima mpaka bara.

Sasa ombi langu. Riyadha kuna vitabu vya kuandikwa kwa mkono, vilipigwa picha kwa mradi wa British Library, maktaba ya taifa ya Uingereza, na mtu aliyeko London anavisoma kwenye kompyuta, alhamdulillahi. Lakini karatasi zenyewe ziko Lamu, na Lamu unaijua, chumvi, unyevu, mchwa. Marehemu babu yangu aliacha kasha la vitabu, tukalifungua baada ya masika, kurasa zimegandana zote, hatukuokoa hata kimoja. Mpaka leo linaniuma.

Naomba bajeti ya kaunti itoe chumba kimoja kikavu, makabati ya chuma, na vijana wawili watatu wa hapa hapa walipiwe wakasomee kazi ya kutunza karatasi za zamani. Na muongee kwanza na masharifu na waalimu wa Riyadha, vitabu ni vyao, tafadhali visipelekwe Nairobi.

Nikiitwa ofisini nitakuja siku yoyote baada ya alasiri, na kasha la babu nitalibeba ulione.