Kwa Salma, Kuhusu Wanafunzi Wako wa Bursa

Mpendwa dada Salma,

Salamu nyingi kutoka Ankara. Natumaini hujambo na kwamba homa ya mtoto imekwisha. Mimi ni mzima, ila barua yako imeniondolea utulivu, hasa pale uliposema kwamba mkuu wako wa somo huwaita wanafunzi wako Waturuki wavivu kwa makosa yao ya Kiingereza, nawe umeanza kukubaliana naye.

Nakusihi usikubali. Mturuki anayesema "he" akimzungumzia mama yake hajazembea, kwa sababu kwao kiwakilishi "o" hutosha kwa mwanamume, mwanamke na hata kitu, na sisi pia tunasema "amefika" bila kutaja jinsia. Anayedondosha "the", neno linaloonyesha kwamba kitu kinajulikana, naye hajapata kuwa na neno la namna hiyo katika lugha yake. Hata hivyo, maana yenyewe anayo. Akisema "kitap okudum", amesoma kitabu chochote. Akisema "kitabı okudum", amekisoma kile mnachokijua nyote wawili. Tazama, dada, jinsi Kiswahili kinavyofanya kazi hiyohiyo kwa "nilisoma kitabu" na "nilikisoma kitabu"! Mimi huanzia hapo: naandika sentensi zao mbili ubaoni, nawauliza tofauti yake, nao hunieleza vizuri kabisa kabla hatujagusa Kiingereza. Njia hiyo ina mpaka, maana kiambishi hicho cha "-ı" katika "kitabı" huhusu yambwa tu, yaani kile kinachotendwa, lakini hofu huwa imeshawatoka.

Penye ugumu wa kweli ni vishazi rejeshi, yaani maneno yanayoeleza ni mtu au kitu gani. Sisi husema "mtu aliyekuja jana", na Kiingereza hufuata mpangilio huohuo, lakini Mturuki hutanguliza maelezo yote na kumweka mtu mwishoni: "dün gelen adam". Kwa hiyo mwanafunzi anayenyamaza katikati ya sentensi ndefu huenda anaigeuza nzima kichwani, naye anastahili kusubiriwa. Halafu kuna kiambishi "-miş", kinachoonyesha kwamba msemaji amesikia habari au ameikisia tu, hakushuhudia. Wanafunzi wangu hukitafutia nafasi katika njeo (nyakati za vitenzi) za Kiingereza, na baadhi hukipachika kwenye njeo timilifu, kama "has come", jambo ambalo lingemkasirisha mwalimu asiyejua linakotoka.

Narudia, dada: makosa hayo yana mpangilio, na uvivu hauna mpangilio. Mwambie hivyo mkuu wako, kwa heshima.

Je, wanafunzi wako pia huandika "two book", kwa kuwa kwao nomino hubaki katika umoja baada ya tarakimu? Mnatumia kitabu gani, na je, kina maelezo yoyote kwa Kituruki? Hamisi anasemaje, yeye aliyekaa nao miaka mingi kutuzidi? Na je, nikutumie mazoezi yangu ya yambwa kabla muhula haujaanza?

Wako akupendaye,
Zuhura