Geimu Nililipia, Mbona Bado Naomba Ruhusa?

Kwa kitengo cha huduma kwa wateja,

KUH: GEIMU YA MTU MMOJA INAYODAI INTANETI KILA WAKATI

Niko Kondele, Kisumu. Hii geimu yenu nilinunua orijino, diski na kava lake, na huku wengi wanawekewa za kukopi kwa flashi, sasa wao wanacheza na mimi niliyelipa ndio naumia.

Geimu yenyewe ni ya kucheza peke yako, hakuna mtu unashindana naye mtandaoni, lakini lazima iongee na seva yenu mwanzo hadi mwisho. Si mnajua stima ya huku, ikipotea laptopu iko na chaji ya kutosha lakini ruta ya waifai imezima, basi geimu inaganda hapo hapo, ati mawasiliano yamekatika, na ikirudi unapata misheni imekurudisha nyuma. Bando ikiisha ni vile vile. Hayo nilivumilia.

Sasa nimehamia laptopu ya Windows 11 na imekataa kabisa: launcha ya zamani, ile programu ya kuwashia geimu, haifunguki, mpya haitaki namba iliyo kwenye kava, inasema seva haijibu. Nikawaandikia mkaniambia niapdeti draiva, hizo programu za kuendesha vifaa vya laptopu! Draiva inahusiana aje na seva yenu kutojibu?

Najua si kila kitu ni makosa ya mwenye geimu. Windows 10 ilipotoka 2015, Microsoft waliacha kusapoti SafeDisc, ile kufuli ya kuzuia diski zisikopiwe, juu ya usalama na geimu nyingi za diski za zamani zikakataa kuwaka. Lakini yenu haitumii SafeDisc, hili kufuli ni lenu na funguo mnazo nyinyi. Na msiniambie haiwezekani, geimu ya SimCity ya 2013 ilianza hivyo hivyo ikidai intaneti, watu wakalalamika sana, na 2014 EA, kampuni yenye hiyo geimu, wakatoa apdeti ya kucheza bila intaneti.

Katiba yetu, Kifungu cha 46, inampa mteja haki ya kuambiwa anachohitaji kujua ili afaidi alichonunua. Kwenye kava mliandika tu intaneti inahitajika, tena kwa herufi ndogo, hamkusema seva ikinyamaza geimu nayo imekufa.

Naomba mtoe pachi, yaani apdeti ndogo, ya kuondoa huo ukaguzi wa seva, muiweke kwa tovuti yenu hata aliyenunua diski ya mitumba aipate. Kama hamtatoa, nirudishieni pesa zangu. Risiti na picha ya kava nimeambatanisha. Na tafadhali nijibiwe na mtu aliyesoma hii barua, si lile jibu la draiva tena.

Mteja wenu,
Kondele, Kisumu