Barua kwa Nanga: wale tuliowafunga sita

Korogwe, Jumatano usiku

Sahibu Nanga,

Salamu. Huku wazima, mvua haikatiki, umeme unakuja na kuondoka. Mama watoto anakusalimu na anauliza lile sufuria lake kubwa la pilau liko kwa nani. Nimemwambia sijui. Najua.

Naandika kwa mkono na nitampa konda wa basi la alfajiri, maana simu yangu hupokei. Una haki. Jumapili nilikukatia, na haikuwa chaji wala mtandao, nilibonyeza mwenyewe, kisha nikabaki kwenye kigoda cha gereji naikodolea macho pikipiki ya mteja kama vile sijawahi kuona pikipiki. Uliposema wale wa ng'ambo ya mto wamekuita ukawafundishe, walewale tuliowapiga sita bila mwezi wa nane, tena kwao, mimi nilisikia neno moja tu: unahama. Nikasema maneno. Lile la kuku asiye na banda nalifuta. Lile la njaa silifuti bado, tutalizungumza.

Sasa nisikilize. Siku tatu hizi namuwaza mzungu mmoja, na nikikueleza utajua kwa nini.

Mambo yangu na Aston Villa unayajua. Samatta alipotoka Genk ya Ubelgiji kwenda pale Januari 2020, Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza, nilihamia Villa siku ileile. Mwaka huohuo yeye akaondoka, mimi nikasahau kuondoka. Mnaniita yatima, haya. Ila mtu anayeipenda timu ukubwani huichunguza kama anayekwenda kuposa, anauliza hadi babu yao alikuwa nani. Ndipo nikakutana na Paul Lambert. Alikuwa kocha wao kuanzia 2012 hadi 2015, na ndiye aliyekwenda hapohapo Genk kumchukua mshambuliaji Benteke. Njia ya Samatta wetu ilikuwa imeshakanyagwa.

Ni Mskoti, usije ukamwita Mwingereza mbele ya watu. Na alikuwa kiungo mkabaji, namba yako kabisa, ile kazi ambayo mkishinda anabebwa mshambuliaji na mkifungwa unaulizwa wewe ulikuwa wapi. Alianzia St Mirren ya Paisley, na 1987 akabeba nao Kombe la Uskoti ana miaka kumi na saba. Kisha Motherwell. Watu wa kawaida, timu ya kawaida. Mwaka 1994 Borussia Dortmund waliitoa Motherwell kwenye Kombe la UEFA, hakuna aliyeshangaa. Lakini 1996 mkataba ulipoisha, jamaa akapanda ndege kwenda kufanya majaribio hukohuko Dortmund. Miaka ishirini na sita, anaikaribia ishirini na saba! Umri ambao sisi tulishaanza kudanganya kwenye fomu. Wajerumani wakambakiza, bure, mchezaji huru.

Yaani angalia: hata uchezaji wake ulikwenda karibu kama wito wako, ila kinyume. Timu iliyomtoa ndiyo iliyomchukua. Hili nimeliona sasa hivi nikiandika, sikuwa nimeliona kabla.

Mei 28, 1997, fainali ya Ligi ya Mabingwa, Munich, dhidi ya Juventus. Kocha wao Hitzfeld akampa kazi ya kumkaba Zidane. Mwaka mmoja tu nyuma anacheza Motherwell, leo anaambiwa huyo kichwa upara ni wako. Naye akamganda usiku kucha. Tena si kukaba tu, krosi ya bao la kwanza la Riedle ilitoka mguuni kwake. Riedle akaongeza la pili, Del Piero akarudisha moja, halafu yule kijana Ricken akaingia na mguso wake wa kwanza kabisa akamwinulia kipa mpira kutoka mbali. 3-1. Lambert akawa mchezaji wa kwanza kutoka Uingereza yote, Uskoti ikiwemo, kubeba kombe hilo tangu lipewe jina la Ligi ya Mabingwa mwaka 1992. Ukimtafuta kwenye video ya mechi ile humwoni akifanya ajabu lolote, unamwona tu amesimama mahali pasipopendwa. Nilikukumbuka wewe na yule namba kumi wa Muheza, ulivyomkaba mpaka akamwomba refa kwenda kujisaidia.

Novemba ya mwaka uleule akarudi Uskoti, Celtic. Rangers walikuwa wamechukua ubingwa mara tisa mfululizo na wanautaka wa kumi. Januari 2, 1998 Celtic wakawafunga 2-0, bao la pili lake, shuti la mbali. Ubingwa ukahama. Akaja kuwa nahodha, na 2003 aliwaongoza kwenye fainali ya Kombe la UEFA kule Seville wakafungwa 3-2 na Porto ya Mourinho katika muda wa nyongeza. Mechi arobaini za timu ya taifa. Yatosha, uchezaji si shida yetu. Wewe na mimi uchezaji umeisha, magoti yametoa taarifa.

Shida yetu ni benchi.

Alisomea ukocha Ujerumani, kama wewe ulivyo kwenye hiyo kozi sasa, unakula ubwabwa wa bure huku sisi tunakata nyasi. Kazi ya kwanza, Livingston, hakumaliza hata msimu. Februari 2006 akajiuzulu. Akashuka hadi Wycombe, daraja la nne la Uingereza, na Januari 2007 akawafikisha nusu fainali ya Kombe la Ligi, wakatoka 1-1 na Chelsea ya Mourinho yuleyule, kabla ya kupigwa 4-0 kule London. Halafu Colchester.

Hapa ndipo nilipotaka kufika tangu mwanzo, mvua imenizungusha.

Agosti 8, 2009, siku ya kwanza ya msimu, Colchester ya Lambert ikaenda Norwich. Norwich timu kubwa iliyokuwa imeporomoka hadi daraja la tatu. Mapumziko ni tano bila. Mwisho 7-1, kipigo kikubwa kuliko chochote walichowahi kupata nyumbani. Mashabiki waliingia uwanjani na kutupa kadi zao za msimu. Kocha wao hakumaliza wiki. Sasa wale viongozi wakakaa, wakajiuliza tumchukue nani, wakasema: si yupo yule aliyetufunga? Siku kumi baada ya zile saba, Lambert yuko Norwich. Siku kumi, Nanga! Wako wamechukua miezi miwili, kwa hiyo tukubaliane kuwa hata aibu hawana haraka nayo.

Na huko alifanya nini. Msimu huohuo akawapa ubingwa wa daraja la tatu. Uliofuata akawapandisha tena, Ligi Kuu. Uliofuata wakamaliza wa 12 katika Ligi Kuu, na wachezaji wengi wao ni walewale waliookotwa madaraja ya chini. Lile jitu Grant Holt likifunga tu. Sijaona kocha aliyeingia kwa aibu ya wenyeji akatoka kwa wimbo wao namna ile.

Kwa hiyo ukiniuliza mpira, jibu ni nenda. Nimelisema. Wale watu wanajua una nini kwa sababu kimewauma wao wenyewe, hakuna haja ya kumpelekea mtu wasifu. Na sisi hapa, tuseme kweli, nauli za miezi minne hatujalipwa, mwenyekiti kila akikuona anapokea simu ambayo haijaita. Sikulaumu.

Lakini kuna mambo mawili yananikera, na yote yamo humohumo kwenye hadithi.

Moja ni kwamba baada ya Norwich mguu ukawa mwepesi. Akaenda Villa yangu: tukala nane bila kwa Chelsea, Desemba 2012, kisha tukatolewa nusu fainali ya Kombe la Ligi na Bradford, timu ya daraja la nne! Msimu wa mwisho mabao kumi na mawili katika mechi ishirini na tano za ligi. Ndani ya nyumba yangu hilo halitajwi. Akatimuliwa Februari 2015. Blackburn, msimu haujaisha vizuri. Wolves, akaifunga Liverpool kwao Anfield katika Kombe la FA, na mwisho wa msimu akaachishwa vilevile. Stoke, wakashuka daraja. Halafu, hili ndilo, Oktoba 2018 akaenda Ipswich. Ipswich na Norwich ni sisi na wale wa ng'ambo, ila mto wenyewe mpana zaidi. Februari 2019 akarudi uwanja uleule wa Norwich akiwa benchi la mahasimu, wakafungwa 3-0, na yeye akala kadi nyekundu kwenye vurugu za pembeni. Watu waliokuwa wakimwimba wanamzomea akitoka. Msimu ule Ipswich wakashuka. Januari 2020 wakampa mkataba hadi 2025, na Februari 2021 akawa ameshaondoka.

Sisemi alikosea kuhama. Mara ya kwanza kuvuka kulimtengeneza, mara ya mwisho kukamchafua, na mtu ni yuleyule, mto ni uleule kwa kiasi... nimejaribu kutafuta tofauti iko wapi na kila nikiikaribia inaponyoka. Labda ni kwamba Norwich ilimfuata yeye kwa alichofanya, na Ipswich ilikuwa kazi tu iliyokuwa wazi. Labda. Wewe ndiye uliyesoma, niambie.

La pili, ndilo lililonifanya nikate simu, na nimelizunguka kurasa tatu.

Nani alibaki Colchester?

Hakuna anayeuliza. Siku ile wanafunga saba, pale benchini Lambert hakuwa peke yake. Ian Culverhouse alikuwa msaidizi wake, na Lambert alipovuka alimchukua. Akamchukua tena Villa, yeye na Gary Karsa. Nilipolisoma hilo mara ya kwanza nilifurahi, nikasema huyu ni mtu. Lakini Aprili 2014 Villa wakawasimamisha kazi wote wawili, na Lambert akaendelea bila wao hadi alipofukuzwa yeye. Kwa hiyo ukichukuliwa nako ni hivyo. Ukiachwa nako: Januari 2010 Norwich wakaja Colchester kwa mechi ya marudiano wakawapiga tano bila, kocha wa jana kasimama upande wa pili.

Mimi sitaki kuwa kwenye benchi lile siku utakapokuja na watoto wa ng'ambo. Unajua kona zetu zote. Unajua kipa wetu akiona jua anafumba jicho la kushoto. Ile mbinu ya kurusha haraka tuliibuni pamoja, kwenye meza ya mama ntilie, kwa vizibo vya soda, na vizibo vingine vilikuwa vyangu.

Jumapili uliongea dakika kumi na moja, sahibu. Ukataja nauli, ukataja jezi mpya, ukataja uwanja wenye nyasi. Hukunitaja.

Haya, nimesema, nijibu basi. Wakati wanakuita, ulitaja msaidizi au hukutaja? Wao walisema wana mtu wao? Ni yule Kipara? Kama ni Kipara niambie mapema nikae chini. Wamekuahidi msimu mzima au hadi mtakapopoteza mechi tatu? Mkataba wa kuandikwa au wa mdomo kama wa huku? Na kijana wa dada yangu, yule namba nane, ananiuliza kila siku kama akija kwako majaribio utamwangalia kama mchezaji au kama mpwa wangu, nimjibu nini? Mwenyekiti wetu umeshamwambia, au nitamwambia mimi halafu niwe wa kwanza kulaaniwa? Hiyo kozi inaisha lini? Jumamosi tuna mechi, niwapange mwenyewe au nikusubiri?

Konda amesema basi linatoka saa kumi na moja, anataka soda. Nimempa.

Msaidizi wako, mpaka utakaponiambia vingine,

Fundi

Sufuria liko kwako, jikoni, nyuma ya mtungi wa gesi. Nililiona siku ya hitima nikanyamaza.