Mtunzi wa nyimbo za kuchekesha naye alipwe chake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wa barua. Juzi kwenye safu yenu ya burudani mwandishi wenu alisema wachekeshaji wanaochukua staili ya mwanamuziki maarufu wakatunga wimbo wa kuchekesha hawatungi chochote, wanakopi tu, na kwa hiyo wasije kudai mirabaha, yani yale malipo ya mtunzi wimbo wake ukitumika. Mimi napiga kinanda, kwenye maharusi na kwenye kwaya hapa Tanga, na kusema ukweli ile habari imeniuma, maana hii kazi naijua na najua ilivyo ngumu. Yupo mtu mmoja maisha yake yote yanajibu hoja hiyo, naye anaitwa Neil Innes, Mwingereza, amefariki Desemba 2019 akiwa na miaka 75. Huku kwetu wengi hawamjui kabisa ndo maana nataka nimuelezee kidogo.

Alizaliwa 1944 kijiji cha Danbury, Essex, baba yake mwanajeshi, kwa hiyo utoto wake mkubwa aliula Ujerumani kwenye kambi, na piano alifundishwa akiwa bado mdogo. Baadae akaenda London chuo cha Goldsmiths kusomea sanaa, uchoraji na mambo kama hayo, na huko ndo akaingia kwenye bendi ya wanafunzi wenzie iliyokuja kujulikana kama Bonzo Dog Doo-Dah Band. Hawa vijana walikuwa wanazunguka masoko ya mitumba wananunua santuri za zamani, zile nzito za miaka ya 1920 ambazo hakuna tena mtu anazitaka, wanajifunza nyimbo zake halafu wanazipiga jukwaani kwa vituko, huyu anapiga saksafoni, yule ametengeneza maroboti yanacheza, mwingine amevaa nguo za ajabu. Watu wanacheka mpaka basi. Lakini pale nyuma kwenye piano kakaa Innes, na yeye ndo alikuwa anashika muziki usimwagike, yani noti zinazopigwa pamoja ziko sawa, mapigo yako sawa, sauti zinaingia pale zinapotakiwa kuingia. Ukipiga vibaya kwa makusudi bila kujua kupiga vizuri hakuna atakayecheka, watu wataona tu hujui.

Mwaka 1968 wakatoa wimbo wake wa I'm the Urban Spaceman ukafika namba 5 Uingereza. Prodyuza mmojawapo alikuwa Paul McCartney wa Beatles, ile bendi maarufu ya Uingereza, ila hakutumia jina lake, kwenye santuri wakaandika Apollo C. Vermouth. Kuna kitu kimoja kwenye rekodi ile nakipenda sana. Vivian Stanshall, yule muimbaji wao wa mbele, alichukua mpira wa kumwagilia bustani akauchomeka mdomo wa tarumbeta upande mmoja, anapuliza huku anauzungusha juu ya kichwa, sasa sauti inakuja na kuondoka inakuja na kuondoka, fundi wa studio akashindwa aweke wapi maikrofoni, McCartney akasema weka moja kila kona ya chumba. Ndo hivyo ikarekodiwa. Sasa sikiliza na wimbo wenyewe, jamaa anajisifu tangu mwanzo kwamba yeye ana kila kitu, haumwi, hachoki, anaweza yote, kama mtu wa kwenye tangazo la biashara, na mwisho kabisa anasema hayupo, hakuna mtu kama huyo. Dakika mbili na kitu tu. Umecheka, na yale matangazo umeshayaona yalivyo. Huo wimbo ulipata tuzo ya Ivor Novello, tuzo ya watunzi sio ya wachekeshaji, na hilo mwandishi wenu alitakiwa kulijua kabla hajaandika.

Baada ya hapo akashirikiana na kundi la wachekeshaji la Monty Python, filamu yao ya 1975 ile ya mashujaa wa Mfalme Arthur nyimbo zake ni muziki wa Innes, na yeye mwenyewe yumo, ndo yule mwimbaji anayemfuata shujaa muoga porini huku anamsifu kwa nyimbo zinazomtaja kila namna anavyoweza kuuliwa. Ukiusikiliza ule wimbo utaona umetungwa kama wa zamani kweli, watu wa ngome na mapanga, na ndo maana unachekesha. Ungekuwa ovyo ovyo usingechekesha hata kidogo.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Innes na Eric Idle, mmoja wa wale wa Monty Python, walikuwa na kipindi BBC, na humo wakaanzisha bendi ya uongo inaitwa Rutles, inaiga Beatles, mwaka 1978 ikawa filamu nzima ya televisheni. Marekani ilipoonyeshwa watazamaji hawakuwa wengi ila Uingereza ilipokelewa vizuri, na George Harrison wa Beatles mwenyewe aliingia akaigiza kama mtangazaji. Idle aliandika maneno ya filamu. Nyimbo zote alitunga Innes. Zote! Kuanzia za mwanzo za kushikana mikono mpaka zile za miaka ya mwisho zenye vinanda vya nyuzi kama fidla na maneno yasiyoeleweka. Na mwenyewe alieleza kwamba hakukaa kusikiliza santuri za Beatles kabla ya kutunga, alitegemea kumbukumbu tu, jinsi zile nyimbo zilivyokuwa zinamfanya ajisikie enzi zile.

Mhariri, naomba mwandishi wenu ajaribu hivi. Atunge wimbo ambao mzee yeyote wa Morogoro akiusikia aseme huu wa Mbaraka Mwinshehe, magita yaingie vile, sauti ilie vile, halafu asichukue hata mstari mmoja wa Mbaraka wala melodi yake hata moja. Akimaliza huo atunge mwingine wa miaka mitano baadae, staili ishabadilika kidogo, mpaka afike zaidi ya kumi. Mimi nimejaribu kufanya hivyo na nyimbo za dansi kwenye harusi, watu wanapenda sana, lakini kila mara vidole vinataka kukimbilia wimbo halisi maana ndo njia rahisi, na kuvizuia visiende huko ndo kazi yenyewe. Inabidi umjue yule mtu kuliko anayepiga kava, yani anayerudia wimbo wa mwenzie kama ulivyo, anayepiga kava kashapewa noti zote, wewe inabidi ujue angefanya nini ambacho hakuwahi kukifanya.

Innes aliweza mpaka kuna wimbo wake, Cheese and Onions, uliingizwa kwenye santuri za magendo za Beatles, wanunuzi wakaamini ni John Lennon wa Beatles anaimba! Na bado melodi ilikuwa ya Innes.

Halafu kikafuata nini? Kampuni ya ATV Music iliyokuwa inamiliki haki za nyimbo za Lennon na McCartney ikamfungulia madai. Sio Beatles wenyewe, wale haki zao zilishanunuliwa tangu 1969 na hawakuwa na la kuamua. Lennon alichofanya ni kuwaonya kirafiki tu kwamba wimbo mmoja umekaribia sana wa kwao, nao wakautoa kwenye albamu. Innes ikabidi atafute mtaalamu wa muziki wa kuthibitisha kwamba nyimbo ni zake, gharama juu ya gharama, mwisho wakamalizana nje ya mahakama, akaachia nusu ya mirabaha. Ilipokuja kutoka CD majina ya Lennon na McCartney yakawekwa pembeni ya jina lake kwenye nyimbo ambazo wao hawakutunga hata neno. Mimi hili linanikera mpaka leo. Mtu kakaa kwenye piano yake kaumiza kichwa, kaleta melodi mpya, halafu kwa sababu inachekesha na inafanana harufu na ya mwingine, mwenye fedha anachukua nusu.

Na ngoja, maana kuna upande wa pili. Mwaka 1994 bendi ya Oasis walitoa wimbo Whatever ukafika namba 3 Uingereza, na mwanzo wake ulikuwa umechukua melodi ya wimbo wa Innes wa 1973. Sio staili, melodi yenyewe. Hapo sheria ikawa upande wake, wakamalizana, na jina lake likaandikwa kwenye wimbo kama mtunzi pamoja na Noel Gallagher wa Oasis. Kwa hiyo kama mwandishi wenu anasema hawa watu hawatungi, aeleze bendi kubwa vile ilichukua nini kwa mtu asiyetunga. Tena kile kilichochukuliwa kinatoka kwenye wimbo wa kujiita mpumbavu, wimbo wa mchekeshaji, nao una melodi nzuri sana, mimi huupiga nikiwa peke yangu na siuchoki.

Baadae alifanya kipindi cha watoto cha Raggy Dolls, 1986 mpaka 1994, kuhusu midoli iliyotupwa kwenye pipa la kiwandani kwa kuwa ina kasoro, yeye ndo msimulizi na wimbo wa kipindi ni wake. Waingereza wengi waliokua miaka hiyo wanaujua kwa moyo na hawajui kama ni mtu yuleyule wa Rutles. Ndo shida ya watunzi wa namna hii, wimbo unafahamika, jina halitajwi.

Na kwetu hapa hali ni ileile. Wimbo wa kuchekesha unasambaa WhatsApp nchi nzima, kila simu inao, unatumika mpaka kwenye matangazo, na gazeti linamtaja aliyeigiza kwenye video tu, aliyekaa na kinanda usiku akatengeneza ile melodi hatajwi popote, na akienda kudai anaambiwa huo si muziki ni mzaha. Yamenikuta mimi na nawajua wenzangu yamewakuta.

Kwa hiyo ombi langu ni dogo tu. Kwanza mwandishi wenu aandike tena, atofautishe kuchukua melodi ya mtu na kutunga kwa staili ya mtu, hivyo ni vitu viwili na watu wa COSOTA, wale wa hakimiliki, akiwauliza watamsaidia kumuelewesha. Pili, kuanzia sasa mkiandika habari ya wimbo wowote wa komedi kwenye gazeti lenu, chini ya jina la muigizaji muweke na jina la aliyetunga muziki. Kama hamlijui mpigieni muigizaji simu mumuulize, yeye analijua.

Mpiga kinanda,
Tanga