Wamongolia, baridi na filamu za taharuki

Mhariri,

Gazeti lako nalisoma tangu ujana na sijawahi kukusumbua. Ila ile makala ya Jumapili kuhusu Wamongolia na filamu za taharuki kutoka nje imenishinda kuimeza. Eti wanazipenda kwa sababu baridi ni ndefu na nyika ina upweke! Upweke upi? Karibu nusu ya watu wa nchi ile wamebanana mji mkuu, Ulaanbaatar, kwenye maghorofa na foleni za magari zinazoshindana na za Dar es Salaam.

Nilisomea uhandisi wa migodi katika mji huo. Mama mwenye nyumba wangu, mwalimu mstaafu wa Kirusi, alikuwa mlevi wa filamu za Kikorea za mauaji. Alikulia kwenye filamu za Kisovieti, ambazo kwa maneno yake mhaini unamjua akiingia tu mlangoni. Baada ya 1990, ukomunisti ulipoanguka na filamu za nje zikaingia, ndipo alipopata watu wa kuwashuku. Mwanawe alikuwa kibarua kiwandani Korea Kusini, kama maelfu ya Wamongolia wenzake, kwa hiyo mitaa ya filamu zile kwa mama haikuwa ugeni: alikuwa akichungulia anakoishi mtoto, na nani huenda anamnyemelea. Jioni moja jirani aliyekwisha kuiona filamu akapayuka mapema, "Ni yule daktari!" Mama hakumsemesha mpaka theluji ikayeyuka. Sasa mwandishi wako anieleze, hapo nyika inaingiaje?

Na maadamu nimeshika kalamu, hawa watafsiri wanaosimulia filamu kwa Kiswahili kwenye vibanda umiza vyetu, vibanda vya video vya mitaani! Filamu ya ngumi inastahimili porojo. Lufufu, yule mtafsiri maarufu, alituchekesha mpaka mbavu zikauma. Lakini filamu ambayo hofu yake yote imo katika kimya cha mwanamke anayesikiliza hatua za mumewe ngazini, mtu anaijazia mizaha, anasalimia wateja wa chipsi, kisha anatutajia muuaji kabla hata maiti haijapatikana. Tunalipa kiingilio tuibiwe mwisho wa filamu!

Nashauri mwandishi wako apelekwe Ulaanbaatar Januari, kwenye nyuzi 30 chini ya sifuri, aketi sebuleni kwa mama yule, asifumbue mdomo mpaka majina ya waigizaji yamalizike kupita. Mtafsiri wa kibanda cha mtaani kwetu afuatane naye. Nauli yake nitachangia, ya kwenda tu.

Mhandisi wa migodi,
Geita