Jumamosi hii ni Emma Calvé (saa imebadilika)

Habari zenu wapendwa,

Kikao chetu cha Jumamosi cha kusikiliza santuri kimesogezwa mbele kidogo: tunaanza saa tisa alasiri, si saa nane. Tukutane nje ya jumba la opera la Opéra-Comique, Paris, metro Richelieu-Drouot, halafu twende ukumbini pamoja.

Zamu hii ni ya Emma Calvé, mwimbaji wa opera wa Kifaransa, mzaliwa wa Decazeville (1858), aliyeanza jukwaani Brussels mwaka 1881. Wengi tunamjua kwa opera ya Carmen, aliyoiimba New York mwaka 1893. Mtunzi Massenet naye alimtungia opera ya La Navarraise (1894), na mimi naona humo ndimo alimoigiza kwelikweli. Tutasikiliza santuri zake za zamani. Zinakwaruza kama bisi sufuriani, lakini sauti ile ikishuka chini, tafadhali msiongee!

1. Mchango ni euro 6, kwa mweka hazina, mwisho Alhamisi usiku.
2. Spika nani analeta? Ile ya mwezi uliopita inakoroma.
3. Chai na maandazi: akina dada wa Montreuil wameshajitolea, ahsanteni sana.

Jibuni hapa NIPO au SIPO kabla ya Alhamisi, wenye ukumbi wanataka idadi. Unakuja na watoto? Sema wangapi.